Anza na Patricio Guzmán

Mkuu, umeuliza ni mtengeneza filamu za makala yupi anayeieleza sayansi bila kuwasahau watu. Mtafute Patricio Guzmán wa Chile. Baada ya mapinduzi ya 1973 alishikiliwa katika Uwanja wa Taifa, Santiago, kisha akaenda uhamishoni. Hata hivyo kamera yake iliendelea kuirudia nchi yake.

Anza na filamu yake ya 2010, Nostalgia de la luz. Ni jangwani Atacama, kukavu mno, anga jeupe. Wataalamu wa nyota wameelekeza darubini juu, na chini kina mama wanachokoa mchanga kwa vikoleo wakitafuta mifupa ya ndugu zao waliouawa enzi za Pinochet, jenerali aliyetawala Chile kidikteta baada ya mapinduzi hayo. Humo mwanasayansi mmoja anaeleza kuwa kalsiamu ya mifupa yetu ilitoka kwenye nyota. Hapo nililia.