Kabla Hujanunua Sarafu ya Ukumbusho ya Marekani, Uliza Nani Aliiomba

Sarafu ya ukumbusho ilitengenezwa iuzwe. Anayeanza kuzikusanya alishike hilo kabla hajatazama picha, mwaka au mng'ao wake. Sarafu ya kawaida hutoka kiwandani ikaenda benki kwa thamani ileile iliyoandikwa usoni. Nusu dola ya ukumbusho ya zamani ilitoka kiwandani ikakabidhiwa kamati fulani, na kamati ikaiuza kwa dola moja, mbili au zaidi, ili ipate hela za mnara, maonyesho au sherehe ya mji. Kwa hiyo kila nikipokea mgeni wa mambo haya dukani humwomba aulize maswali matatu: nani aliiomba Bungeni, nani alichukua faida, na ngapi zilibaki baada ya zisizouzika kurudishwa kuyeyushwa. Nimeuza na kununua sarafu hizi hapa Marekani kwa miaka mingi, na sijaona kinga bora ya pesa ya mgeni kuliko maswali hayo.

Tuanze na ya kwanza, nusu dola ya Columbus, iliyotolewa kwa ajili ya Maonyesho ya Dunia ya Chicago. Waandaaji walihitaji fedha, Bunge likawaidhinishia sarafu zisizozidi milioni 5, nao wakaziuza kwa dola moja moja, yaani mara mbili ya thamani yake. Kampuni iliyokuwa ikiuza mashine za kuchapa za Remington ililipa dola 10,000 kwa ile ya kwanza kabisa ya 1892, ikajipatia tangazo zuri la biashara. Watu wa kawaida hawakuwa na pupa hiyo. Za mwaka 1893 zilipigwa chapa zaidi ya milioni 4, takriban milioni 2.5 zikarudi kuyeyushwa, na nyingi ambazo hazikuuzwa zikaachiwa zitumike kwa senti 50 kama sarafu nyingine yoyote, watu wakanunulia mkate na nyama. Ndiyo sababu nusu dola ya Columbus iliyochakaa haiuzwi mbali sana na bei ya madini ya fedha yaliyomo, ingawa imeshapita miaka 130. Muuzaji akikuambia "hii ni ya 1893, ya kale sana", mkubalie kuhusu tarehe, kisha muulize bei.

Kwenye maonyesho hayohayo ilitoka robo dola ya Malkia Isabella wa Hispania, iliyoombwa na Bodi ya Wanawake iliyoongozwa na Bertha Palmer. Nayo iliuzwa dola moja. Hebu jiweke mahali pa mtembeleaji wa Chicago mwenye dola moja mkononi: kwa bei moja unapewa nusu dola au robo dola. Wengi walichukua ile kubwa. Zilitengenezwa 40,000, na zilizobaki baada ya kuyeyusha ni 24,000 na ushee. Leo robo hiyo inagharimu mara nyingi zaidi ya nusu dola ya Columbus, na sababu ni kwamba wakati ule haikupendwa. Katika sarafu za ukumbusho utalikuta hili tena na tena: iliyodharauliwa siku ya kutolewa ndiyo inayotafutwa baadaye.

Kwa hiyo unapofungua kitabu cha bei, usiishie kwenye idadi ya zilizotengenezwa. Tafuta idadi ya zilizogawiwa mwishoni. Nusu dola ya 1926 ya miaka 150 ya uhuru wa Marekani ilitengenezwa zaidi ya milioni moja, lakini takriban 859,000 ziliyeyushwa, zikabaki kama 141,000. Hiyo ina mambo mawili zaidi. Ina sura ya Calvin Coolidge, rais wa kwanza wa Marekani kuwekwa kwenye sarafu ya nchi yake akiwa hai. Pia michoro yake ilichongwa kwa kina kidogo mno, picha zikatoka hafifu tangu siku ya kwanza. Mgeni huitazama akadhani imechakaa, kumbe haijawahi kutumika. Na kwa kuwa kuipata safi kabisa ni shida, tofauti ya bei kati ya nzuri na nzuri sana ni kubwa kupita kiasi. Mimi ningemshauri anayeanza anunue ya daraja la kati, aone historia yake, aachane na mbio hizo.

Sasa nifike miaka ya 1930, ambako pana somo zito kuliko yote. Watu waligundua kwamba kamati yenye kibali cha Bunge inaweza kuendelea kutengeneza sarafu ileile mwaka hadi mwaka, kwenye viwanda vitatu, Philadelphia, Denver na San Francisco, na kila mwaka na kila herufi ndogo inayoonyesha kiwanda ni sarafu mpya kwa mkusanyaji anayetaka seti kamili. Nusu dola ya Oregon Trail, njia ya walowezi waliohamia magharibi, ambayo kwa macho yangu ndiyo nzuri kuliko zote (iliundwa na mke na mume, Laura Gardin Fraser na James Earle Fraser), ilianza 1926 na ikaburutwa hadi 1939, zikawa sarafu 14 tofauti. Ile ya Daniel Boone, mtafuta-njia wa mapori ya Kentucky, iliadhimisha miaka 200 tangu azaliwe mwaka 1734. Mwaka 1935 kamati yake iliongeza tarakimu ndogo "1934" upande wa nyuma, na za aina hiyo kutoka Denver na San Francisco zikawa takriban 2,000 tu kwa kila kiwanda. Bei ikapaa, na walioagiza kwa bei ya kwanza wengi wao wakarudishiwa hela zao.

Ya Cincinnati ya 1936 inakera zaidi. Tajiri mkusanyaji aitwaye Thomas Melish alipata kibali cha kuadhimisha miaka 50 ya mji huo kuwa kitovu cha muziki, yaani 1886 hadi 1936. Wanahistoria wametafuta tukio kubwa la muziki la mwaka 1886 mjini humo na hawakuliona. Sura iliyowekwa ni ya Stephen Foster, mtunzi aliyefariki mwaka 1864, ambaye huko Cincinnati aliwahi kuishi akiwa karani wa mahesabu. Zilitengenezwa seti 5,000 hivi za sarafu tatu, zikatangazwa kwa dola 7.75 kwa seti, na muda si mrefu zikawa zinauzwa mara kadhaa ya bei hiyo. Mwaka huo wa 1936 ndio ulizaa miundo mipya kwa wingi kuliko mwaka wowote. Soko lilishiba, bei zikaporomoka, na Agosti 1939 Bunge likakataza kuendelea kutolewa kwa zile zilizokuwa na vibali vya zamani. Ukiiona Cincinnati leo kwa bei kubwa, unaweza kuinunua kwa sababu ni chache. Usiinunue kwa kudhani inakumbusha jambo lililotokea.

Kuna moja ningependa kila msomaji wa Kiswahili aanze nayo, nayo si ghali. Ni nusu dola ya Booker T. Washington, mwalimu aliyezaliwa utumwani, 1946 hadi 1951. Ndiye Mmarekani mweusi wa kwanza kuwekwa kwenye sarafu ya Marekani, na aliyeichonga, Isaac Scott Hathaway, ndiye msanii mweusi wa kwanza kubuni sarafu ya nchi hiyo. Upande wa nyuma kuna kibanda cha watumwa chini na Jumba la Mashujaa (Hall of Fame, jengo la kuwaenzi Wamarekani mashuhuri) juu, na maneno yanayosema kwamba mtu huyu alitoka kwenye kibanda cha utumwa akafika kwenye jumba hilo. Aliyeiomba ni S. J. Phillips, aliyekusanya fedha kwa ajili ya kumbukumbu ya mahali alipozaliwa Washington huko Virginia. Mauzo hayakufikia matumaini yake. Nyingi ziliyeyushwa, na madini yakatumika kutengeneza nusu dola ya Washington huyohuyo na mwanasayansi mweusi George Washington Carver ya 1951 hadi 1954, ambayo kwa mujibu wa kibali chake ilikusudiwa pia kuzuia ukomunisti usienee kwa Wamarekani weusi. Ukiweka sarafu hizo mbili karibu na ile ya Stone Mountain ya 1925, iliyowatukuza Robert E. Lee na Stonewall Jackson, majenerali wa Kusini iliyotetea utumwa katika vita vya wenyewe kwa wenyewe, na kugawiwa zaidi ya milioni 1.3, utaona nchi ikibishana na nafsi yake kuhusu nani akumbukwe. Kwangu hilo lina uzito kuliko daraja lolote la ubora.

Baada ya 1954 serikali iliacha kabisa kutoa sarafu hizi, hadi 1982 ilipotoa nusu dola ya miaka 250 tangu kuzaliwa kwa George Washington. Tangu hapo kiwanda cha serikali huuza chenyewe moja kwa moja kwa wananchi, na nyingi huwa na nyongeza ya mchango kwa shirika lililotajwa kwenye sheria. Hapa ndipo wageni wengi hupoteza pesa. Ile ya 1982 iliuzwa zaidi ya milioni 7. Za Sanamu ya Uhuru za 1986 zilichangia takriban dola milioni 83 kwa ukarabati wa sanamu na kituo cha wahamiaji cha Ellis Island, kazi njema kabisa, lakini nusu dola yake ya shaba na nikeli utaipata kwa dola chache tu kwa kuwa zipo karibu milioni 8. Kisanduku kizuri na cheti chenye muhuri havibadilishi hesabu hiyo. Zile za fedha na dhahabu za miaka ya 1980, nyingi zake, zinunue kwa bei ya madini na kidogo juu yake.

Ajabu ni kwamba tamaa ilijirudia. Kwa Olimpiki ya Atlanta, 1995 na 1996, zilitolewa sarafu 32, na aliyezitaka zote alihitaji zaidi ya dola 2,000. Watu walichoka. Matokeo yake baadhi ya dola za 1996 ambazo hazikung'arishwa kwa namna maalum, kama zile za tenisi na Paralimpiki, ziliuzwa chini ya 17,000, na leo ndizo zinazosakwa. Sheria ya 1996 ikaweka kikomo cha mada mbili kwa mwaka kuanzia 1999. Dola ya nyati ya 2001, 500,000 kwa jumla, iliisha kwa wiki chache na bado ina wapenzi.

Upande wa mkono na macho, nitasema machache. Usizing'arishe, hata kwa kitambaa laini. Rangi ya kahawia au buluu iliyojijenga yenyewe kwa miaka mingi haiipunguzii sarafu bei, wakati mwingine huiongeza, lakini mikwaruzo ya kusugua huiua na mnunuzi huiona kwa lenzi ya kawaida. Nunua mizani ndogo: nusu dola ya fedha ya zamani ina gramu 12.5, asilimia 90 fedha. Kwa nusu dola ya Rais Grant ya 1922 yenye alama ndogo ya nyota uwe na hadhari maradufu, kwa sababu zilizogawiwa ni kama 4,250 tu, na wapo wanaogonga nyota kwenye ile ya kawaida kisha wakaiuza mara kumi. Ya namna hiyo usiinunue ikiwa nje ya kasha la PCGS au NGC, kampuni zinazopima na kutoa daraja kwa kipimo cha 1 hadi 70. Kwa sarafu ya dola 30 kasha hilo halina haja. Gharama ya kupima inaweza kupita sarafu yenyewe.

Ukitaka seti kamili ya zamani, jua urefu wa njia: miundo ya fedha ni 50, na ukihesabu kila mwaka na kila kiwanda ni sarafu 144. Anza na miundo. Kabla hujalipa, mwulize muuzaji yuleyule angeinunua kwako kesho kwa bei gani, na usubiri akupe jibu la namba.