Mnaokata trela Mtwara na Lindi, acheni kumtoa mjomba mapema

Wadogo zangu, na hasa ninyi mnaonitumia kazi usiku wa manane mkitaka jibu kabla ya asubuhi: nawapenda, lakini mwezi huu mmenichosha. Kila trela inaanza na droni juu ya bahari ya Msangamkuu, unafuata mnazi, linafuata jina la kampuni linalozunguka, na sekunde 20 zimekwisha hakuna aliyefungua mdomo. Kisha mnaona muda umewabana, mnamwaga filamu nzima. Basi nasema tena.

1. Tazama filamu yote kabla ya kugusa taimlaini, ule mstari wa kupangia picha kwenye programu. Yote, mikono mbali na kibodi.

2. Anza na sauti. Tafuta mstari mmoja wa mhusika unaoacha swali, picha zitaufuata. Ukifika kwenye mstari huo kata muziki, acha ukimya kidogo, ndipo aseme.

3. Kinachofichwa kwenye filamu kifichwe kwenye trela. Hili nimelijua kwa maumivu. Miaka yangu ya mwanzo nilipewa filamu ya shamba la mikorosho la Newala. Binti anarudi kumzika baba yake, anakuta shamba limeuzwa, na hati ina alama ya dole gumba. Aliyeuza ni mjomba wake, na mnajua kwetu mjomba ni nani kwa mtoto wa dada yake. Mjomba huyo hana kidole cha mwisho mkono wa kushoto, na dairekta alihangaika filamu nzima kuuficha mkono ule: mara uko mfukoni mwa koti, mara nyuma ya mlango, mara chini ya meza. Unaonekana mara moja tu, dakika za mwisho, ukikandamizwa kwenye karatasi. Picha nzuri kuliko zote: mwanga wa chemli, wino wa bluu umeingia kwenye mikunjo ya ngozi, vidole vinne.

Nikaiweka kwenye trela. Fremu 14 kati ya 25 za sekunde moja, zaidi kidogo ya nusu sekunde. Niliamini hakuna atakayewahi kuhesabu vidole. Lakini mwenye simu husimamisha picha anapotaka. Kabla ya uzinduzi, mkono ule ulikuwa umeshazunguka kwenye magrupu ya WhatsApp. Ukumbini, mjomba alipotokea mara ya kwanza, analia msibani, mkono mfukoni, vijana wa mbele wakapiga kelele: “Toa mkono!” Ukumbi mzima ukacheka, na pale ndipo watu walipaswa kulia. Mwigizaji mwenyewe, mzee wa watu, alikuwa amekaa safu ya pili na wajukuu zake. Dairekta hakunigombeza. Prodyuza, aliyeweka humo pesa zake za korosho za msimu mzima, aliniuliza tu: “Wewe filamu uliitazama?”

Nilikuwa nimeitazama, tena sana, nikiwinda picha nzuri. Sikuitazama kama mtu aliyekata tiketi na hajui kitakachotokea. Tangu hapo, kabla ya kukata naandika kwenye karatasi kila siri ya filamu na dakika inapofichuliwa, naibandika pembeni ya skrini, na nusu ya mwisho siigusi bila kumuuliza dairekta.

4. Muziki. Msinidanganye kwamba sekunde chache za wimbo wa mtu si kosa. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 ipo, na COSOTA, wasimamizi wa hakimiliki nchini, ipo. Halafu mnatafuta ngoma za sinema za Marekani za nini, wakati wapiga sindimba mnao hapo Newala? Wafuateni, muwarekodi kwa makubaliano, muwalipe. Ile ngoma inavyopanda kidogo kidogo hadi ikatike, hakuna programu itakayowapa.

5. Urefu. Huko Marekani desturi ilikuwa dakika 2 na nusu, na mwaka 2014 chama cha wenye majumba ya sinema kikaomba zisizidi 2. Ninyi mnaleta dakika 4! Kateni. Na toleo la wima la simu likatwe upya, si kubana lile la mlalo.

Leteni kazi kabla hamjaeksipoti, na mje na filamu nzima kwenye diski. Jumamosi asubuhi nipo Shangani. Na wewe wa Mikindani mwenye filamu ya wavuvi: ile picha ya mama akifungua barua, itoe leo hii.