Kwa wadogo wanaotaka kupiga filamu ya chukudu, ile kinga ya mbao ya magurudumu mawili ya kubeba mizigo, hapa Goma, Kongo

Wadogo zangu, kila siku mnaniuliza kamera gani ya kununua. Miye nasema anzeni na viatu, juu ya haya mawe ya volkano kandambili haifiki wiki.

Filamu yangu ya kwanza, dakika 12 tu, niliianza nikiwa tayari na jibu mfukoni: chukudu inakufa, moto, yaani pikipiki, imeishinda. Basi wiki mbili nikawa natafuta huzuni, chukudu imelazwa kwa ukuta, mzee amekaa anaangalia barabara, ile sanamu ya chukudu pale rond-point, kwa mzunguko wa barabara, si mnajua zile picha. Kisha nikamfata papa mmoja kutoka Kibumba, kule juu kaskazini ya Goma, amepakia viazi, anashuka na goti lake juu ya kale kapande ka mpira, freni ni kipande cha mpira wa gari kinasugua gurudumu la nyuma, na miye niko nyuma juu ya moto naogopa kuliko yeye! Picha nzuri sana. Tulipofika mjini nikazima kamera nipumzike, nikasema filamu imeisha.

Ndiyo hapo akatoa simu, akahesabu pesa ya viazi kwa M-Pesa, akampigia kijana wake ambaye ni motari, dereva wa moto, aje amuvute kupanda. Na ile moto ni chukudu ndiyo iliinunua! Yote hiyo sina hata sekunde moja. Nilirudi Kibumba mara nne nikingoja ijitokeze tena, sikutaka kumwambia papa aigize, na mara ya nne ndiyo niliipata.

Kwa hiyo betri mbili, na usizime haraka mzigo ukishashushwa. Kabla hujatoa tripie, ile miguu mitatu ya kamera, pita kwa shefu wa avenyu, kiongozi wa mtaa, ukajitambulishe, watu hapa wameona mengi, mtu mwenye kamera wanamuuliza kwanza anatumwa na nani, na wako na haki. Mikro ya kunasa sauti pia, upepo wa ziwa kule soko la Kituku uliniharibia asubuhi mbili, sauti za wamama na mabido yao ya maji hazisikiki kabisa, siku hizi naifunika na soksi.

Papa nilimuonyesha filamu kwa kompyuta. Aliangalia mpaka mwisho, akauliza tu mbona sikuonyesha vile anafungaga magunia, eti watu watafikiri hajui kazi.