Andika Ukiwa Uani

Watu wakinitumia hadithi fupi zao niwasomee, huwa nauliza swali moja: ulikuwa umekaa wapi ulipokuwa unawatazama watu hawa? Wengi hudhani nauliza habari za meza na kiti. Swali hilo nilifundishwa na mwandishi Mmarekani wa hadithi fupi aliyefariki mwaka 1982, John Cheever, na ilinichukua miaka ya kubeba boksi mpaka nikamwelewa.

Naishi Yonkers, jimbo la New York, na kazi yangu ni kutunza wazee. Kwa miaka miwili nilikuwa napanda treni ya asubuhi ya kwenda kaskazini, Mto Hudson ukiwa kushoto kwangu, hadi kwa bibi mmoja aliyehitaji mtu wa kumpa dawa, kumpikia na kumshika mkono akienda msalani. Nyumba kubwa, majani yamekatwa vizuri, bwawa la kuogelea limefunikwa turubai tangu mumewe alipofariki. Kwenye rafu ya sebuleni kulikuwa na kitabu kinene chekundu chenye herufi C kubwa jaladani, cha hadithi fupi za Cheever. Bibi akilala mchana, nami nakisoma. Siku aliponikuta nacho akasema, "Hao ni majirani zangu." Hakuwa anatania.

Mwanzoni sikuzipenda zile hadithi. Wazungu wenye fedha zao, wanakunywa pombe kali kando ya bwawa, wanarudi mjini na treni Jumatatu. Yananihusu nini? Nilibadilika nilipojua mwandishi wake alikuwa anaishi wapi.

Cheever alizaliwa mwaka 1912 Quincy, Massachusetts. Baba yake alikuwa mfanyabiashara wa viatu, mambo yakamwendea kombo, mama akafungua duka la zawadi ili nyumba ipate kula. Mtoto aliona aibu ya duka lile, na aibu hiyo hakuiacha hata alipozeeka. Shule walimfukuza, au aliondoka mwenyewe, akaandika hadithi ya kufukuzwa kwake na jarida la The New Republic likaichapisha mwaka 1930, akiwa na miaka 18. Mwaka 1951 alihamisha familia kutoka jijini New York kwenda Scarborough, kitongoji cha kando ya Hudson, kwenye eneo liitwalo Beechwood lililokuwa la familia ya Vanderlip, matajiri wa benki. Ila jumba lenyewe hakukaa yeye. Alipanga kijumba pembeni ya eneo. Kwa lugha yetu, alikuwa mpangaji wa uani. (Na kabla yake kijumba hicho hicho alikuwa amekipanga Richard Yates, mwandishi mwingine wa maisha ya vitongoji vya namna hiyo. Kama kuna banda la uani lenye baraka, ni lile.)

Aliyewahi kupanga uani Magomeni au Tandika hahitaji maelezo. Mpangaji wa uani anajua nyumba kubwa imekula nini kwa kuangalia ndoo ya taka. Ugomvi wa usiku anausikia kupitia dirisha la bafu, na asubuhi anawaamkia wote wawili kama vile hakusikia kitu. Anajua ada ya shule imepungua kwa sababu mama mwenye nyumba amefuata kodi tarehe 25 badala ya tarehe 1. Si mgeni, kwa hiyo hawamfichi kila kitu. Wala si mwenyeji, kwa hiyo hakuna anachoona ambacho amekizoea kabisa.

Sasa soma hadithi ya Cheever ya mwizi wa Shady Hill ukiwa na hilo kichwani. Shady Hill ni kitongoji alichokitunga yeye, cha watu wanaoheshimiana. Johnny Hake amepoteza kazi na fedha zimekauka. Usiku mmoja anatoka kitandani, anaingia kimyakimya kwenye nyumba ya majirani aliokuwa amekula kwao, na kuchukua waleti yenye dola 900 hivi. Basi, hakuna bunduki, hakuna polisi wa kukimbizana. Kinachomtesa ni kwamba kuanzia siku hiyo kila neno la wizi analolisikia linamchoma. Baadaye anapata kazi, anairudisha fedha usiku kwa usiku, na akiwa njiani kurudi kwake polisi anamuuliza anafanya nini nje saa zile. Anajibu kwamba anatembeza mbwa. Mbwa hayupo. Nilicheka peke yangu jikoni kwa bibi, kisha nikaacha kucheka, maana na mimi nimewahi kutembeza mbwa wa namna hiyo.

Kosa langu la miaka mingi lilikuwa kuandika nikiwa barabarani. Nikiwa Dar niliandika hadithi za Masaki, majumba ambayo mimi nilikuwa nimeyaona geti tu. Wahusika wangu walikuwa na "sofa za kifahari" na "magari ya kifahari", kila kitu cha kifahari, kwa sababu sikujua sofa lenyewe limechanika wapi. Nilipofika Marekani nikafanya kinyume chake: nikaanza kuandika kijiji cha babu yangu, mahali nilipolala labda usiku kumi katika maisha yangu yote, nikidhani wasomaji wanataka mbuyu. Na muda wote huo nilikuwa naamka saa kumi na moja alfajiri kwenda kwenye nyumba ambayo naijua hadi droo zake.

Basi droo moja. Kila Jumamosi jioni bibi alikuwa ananiomba nimletee vijiko vya fedha, anavihesabu, vinane, anavifunga kwenye soksi ya sufu, na kunituma nikaviweke chini ya masanduku ya nafaka za kifungua kinywa. Jumatatu tunavirudisha. Mara ya kwanza niliumia. Nilijua, au nilidhani najua, kwamba anavificha kwa sababu yangu mimi Mwafrika niliyemo ndani. Wiki ya tatu ndipo nilipojiuliza: kama ananificha mimi, mbona mimi ndiye ninayevificha? Jumapili ndiyo ilikuwa siku ya mwanawe kuja kumsalimia.

Hiyo ni hadithi. Haina mbuyu wala geti. Na barabarani usingeiona.

Kwa hiyo ushauri wangu, kama umenifuata hadi hapa: tafuta uani kwako. Ukiwa dereva wa bodaboda, abiria wanaongea na simu nyuma ya kisogo chako. Ukiwa karani wa mapokezi, au fundi anayeshona sare za harusi, unajua nani alibadilishiwa vipimo na kwa nini. Badilisha majina, badilisha mtaa. Cheever alijitungia vitongoji vyake ndiyo maana alikuwa huru ndani yake. Usimwage siri ya mtu kama ilivyo. Bibi yangu katika hadithi si mjane, ana mume hai asiyejua habari za soksi, na jambo hilo limeifanya hadithi iwe nzito zaidi.

Kuna mambo mawili ya Cheever ambayo watu huyachanganya, moja la kuiga na moja la kukimbia.

La kuiga ni suti. Kabla ya kuhamia kitongojini, familia ilikaa kwenye fleti jijini. Asubuhi Cheever alikuwa anavaa suti yake, anapanda lifti pamoja na wanaume wanaokwenda ofisini, wao wanatokea chini kwenda zao, yeye anaendelea hadi stoo ya chini kabisa ya jengo. Huko anavua suti, anaitundika, anaandika na chupi hadi saa ya chakula cha mchana, anavaa tena na kupanda juu. Unaweza kuona ni kichekesho. Mimi naona ni mtu aliyekwenda kazini. Jengo letu lina chumba cha kufulia chini. Naingia na sare yangu ya kazi na daftari, natia nguo kwenye mashine ya kukausha, na mpaka ilie nisiinuke. Ni kama dakika arobaini na tano. Zinatosha ukurasa, siku nyingine nusu.

La kukimbia ni chupa. Bado wapo vijana wanaoamini mwandishi mkubwa lazima alewe. Cheever alikunywa hadi karibu afe. Mwaka 1973 alikuwa akifundisha Iowa, akilewa pamoja na mwandishi mwenzake wa hadithi fupi, Raymond Carver, na hakuna kati yao aliyeandika la maana muhula ule. Mwaka 1975 aliingia kituo cha matibabu New York, na tangu hapo hakugusa tena. Riwaya yake ya gerezani, Falconer, ilitoka mwaka 1977, na kile kitabu chekundu chenye hadithi 61 kikatoka 1978 na kupata Tuzo ya Pulitzer mwaka uliofuata. Shajara zake, zilizochapishwa baada ya kifo chake, zinaonyesha alichokuwa anakizamisha kwenye glasi: upweke, hofu ya fedha, na mapenzi kwa wanaume aliyoyaficha karibu maisha yake yote. Naye alikuwa ana vijiko vyake kwenye soksi.

Ukitaka kuanza kumsoma, usianze na riwaya. Anza na ile ya mwanamume anayeamua kurudi nyumbani kwa kuogelea, bwawa la jirani hadi bwawa la jirani, "The Swimmer", ya mwaka 1964. Aliianza kama kitabu kizima, akaandika zipatazo kurasa 150 za maandalizi, kisha akazikata zikabaki kama kumi na tano. Mimi sijafikia ukatili huo. Hadithi ya vijiko sasa hivi ina kurasa kumi na mbili, na najua kurasa tatu za mwanzo, ambazo namweleza msomaji jinsi nilivyofika Marekani, hazimhusu bibi hata kidogo. Kesho nafua.