Miezi minne yangu iliishia kwenye baiti moja

Juzi msomaji ameniandikia: kinga ya programu yake imevunjwa siku tatu tu baada ya kutoka, watu wanaitumia bila kulipa, sasa afanye nini? Nilicheka, kisha nikanyamaza. Kidonda changu hakijapona.

Miaka kadhaa iliyopita niliuza programu ndogo ya kupanga picha. Toleo la pili nililikinga kwa leseni, na kinga peke yake ilinila miezi minne. Wiki haikuisha, kraki, yaani nakala iliyovunjwa kinga, ikawa mtandaoni. Nikaipakua, nikalinganisha faili lao na langu. Tofauti ilikuwa baiti moja, kipande kidogo kabisa cha faili: 74 imekuwa 75. Wanaojua lugha ya mashine wameshaelewa: "ruka kama ni sawa" imegeuzwa "ruka kama si sawa". Yaani namba ya leseni ya uongo ndiyo inayokubaliwa, ya kweli inakataliwa! Na aliyevunja kaacha ujumbe: asante kwa mazoezi.

Hapo nikapandwa na kichaa. Naziba Ijumaa, Jumapili wamefungua. Naziba tena. (Muda wote huo sikuongeza hata kitufe kimoja walichoomba wateja.) Nikasoma jinsi waundaji wa mchezo wa Spyro: Year of the Dragon, mwaka 2000, walivyotawanya ukaguzi wa kunasa nakala zilizovunjwa kila kona ya mchezo, hata aliyedhani amemaliza kuuvunja akakuta unamharibikia mbele ya safari. Wavunjaji walihangaika zaidi ya miezi miwili. Nikaiga. Kinga yangu ilidumu siku 19, na nakiri nilitembea kifua mbele.

Siku ya 20 akaniandikia mteja aliyelipa. Alibadilisha diski, ukaguzi ukamwona mwizi, ukavuruga albamu zake kimyakimya kama nilivyoufundisha. Nilimrudishia pesa. Yeye hakurudi.

Ndugu yangu, mchezo huuzwa sana siku za mwanzo, kwa hiyo miezi miwili kwao ilikuwa ushindi. Programu yako utaiuza miaka. Ukaguzi unaendeshwa ndani ya kompyuta ya mtu, na mwenye kompyuta ndiye mwenye neno la mwisho. Weka kinga nyepesi, mtu asigawe namba yake ovyo, basi. Muda uliobaki wape waliolipa. Narudia: waliolipa. Acha kukesha ukihesabu wezi! Na faili za mtu usiziguse kamwe, hata kama ni mwizi kweli.

Nimemjibu hivyo. Akaniuliza kama bado ninalo lile faili lenye 75.

Ninalo.