Umepata Viza ya Kanada? Koti Baadaye, Kwanza Ramani

Wiki mbili zilizopita niliandikiwa na binti wa Kisauni. Simjui kwa sura, ila anasema amekuwa akinisoma tangu akiwa kidato cha tatu. "Dada, viza ya Kanada imetoka! Nibebe nini?" Ujumbe ulinikuta siku tatu baada ya kula kiapo cha uraia hapa Winnipeg, kibendera chenye jani jekundu kingali mezani. Nikaanza kumwandikia: koti, soksi za sufu, glavu. Nikafuta. Mimi nilikuja na koti, tena zito. Nilichokuja bila nacho ni kuijua nchi ninayoiingia, na hilo limenila miaka.

Nilitua Toronto 2016, muuguzi mwenye miaka saba kazini katika hospitali moja ya pwani. Nilijua kodi ya chumba Scarborough, nilijua mshahara wa saa moja, na dola ilikuwa shilingi ngapi ungeniamsha usiku nikakutajia. Lakini Kanada ina majimbo mangapi? Sikujua. Leseni ya uuguzi hutolewa na nani? Ningekujibu "serikali", na ningekujibu kwa kujiamini.

Miaka miwili ya kufanya usafi usiku na kukusanya makaratasi mchana naipita. Faili langu la uuguzi Ontario, jimbo lenye Toronto, lilikuwa limefika mbali, nimelilipia tafsiri, tathmini na mtihani wa lugha, ndipo binamu yangu akaniambia Winnipeg kodi ni nafuu na wauguzi wanatafutwa. Nikaona Kanada ni Kanada. Mei 2018 nikapanda basi.

Mdogo wangu, hapo ndipo nilipoanza kuiona nchi hii. Nilidhani nitalala usiku mmoja njiani kama mtu anayetoka Mombasa kwenda Kisumu. Jioni, misitu. Asubuhi, misitu na mawe ya kale yenye rangi ya kijivu na waridi, na viziwa vidogo visivyohesabika. Kisha maji yakatokea upande wa kushoto, na kila nilipofikiri yamekwisha yakarudi. Ni Ziwa Superior. Mzee aliyekaa kando yangu aliniambia ndilo ziwa la maji yasiyo na chumvi lenye eneo kubwa kuliko yote duniani, na mimi nikambishia kwamba hilo ni Victoria letu. Nilikuwa nimekosea: Superior lina kilomita za mraba zipatazo 82,000, Victoria 68,000 na kitu, la pili. Karibu na Thunder Bay akanionyesha upande iliko sanamu ya Terry Fox, kijana wa mguu mmoja aliyekimbia tangu St. John's, ufuoni mwa Atlantiki, akichangisha fedha za utafiti wa saratani. Alikimbia siku 143, kilomita 5,373, hadi saratani ilipomrudia na kumsimamisha hapo Septemba 1980. Alikuwa amefika katikati tu ya nchi. Nami siku ya pili inaelekea jioni, bado tumo Ontario! Jimbo hilo moja ni karibu Kenya mbili. Kanada nzima, kilomita za mraba milioni 9.98, ni Kenya kumi na saba, nchi ya pili kwa ukubwa duniani baada ya Urusi, na watu wake ni kama milioni 40 tu, wengi wao wamejipanga kusini karibu na mpaka wa Marekani. Nunavut, eneo la kaskazini lililoundwa 1999, ni zaidi ya Kenya tatu, na wakazi wake hawafiki robo ya Kisauni yako. Nchi ina kanda sita za saa. Ya Newfoundland hata hutofautiana na jirani yake kwa nusu saa. Na mlima wake mrefu, Logan ulioko Yukon, una mita 5,959. Wameipita Kilimanjaro kwa mita 64. Hilo nalo niliumia kulijua.

Kwa hiyo kabla ya koti, tafuta ramani. Itundike chumbani na uifuatishe kwa kidole.

Winnipeg nilipofika nikaenda kuuliza habari za leseni. Mama wa mapokezi aliliangalia faili langu la Ontario kwa huruma, akanieleza taratibu kwamba kila jimbo lina chombo chake cha kusajili wauguzi, na kwamba Manitoba, jimbo lenye Winnipeg, ningefungua ombi jipya. Nilisimama pale kama niliyemwagiwa maji. Kwetu, tangu 2013, hospitali nyingi ziko chini ya kaunti, lakini muuguzi aliyesajiliwa Nairobi anafanya kazi Lamu au Lodwar bila mtu kumuuliza. Huku majimbo kumi yana mamlaka yao hasa: afya, shule, leseni za taaluma, leseni ya udereva. Ottawa, yaani serikali kuu, inashika pasipoti, jeshi, fedha, sheria za jinai, mambo ya nje. Uhamiaji wanagawana. Maeneo matatu ya kaskazini, yaani Yukon, Northwest Territories na Nunavut, mamlaka yao yanatoka kwa bunge la Ottawa. Hata matibabu ya bure wanayojivunia hayakuanzia Ottawa. Yalianzia Saskatchewan 1962, jimbo la wakulima wa ngano, kisha nchi nzima ikafuata.

Mimi nilikuwa nimeandika barua tatu Ottawa kuuliza habari za leseni. Tatu! Hakuna aliyenidhulumu. Sikujua tu mlango wa kubisha. Nikaanza upya, na wakati nasubiri nikaajiriwa mhudumu katika nyumba ya wazee. Leseni niliipata 2022. Hesabu mwenyewe.

Ungefikiri nimejifunza. Aprili 2025 nikaitwa kufanya mtihani wa uraia: maswali 20, unatakiwa kupata 15. Nilitangaza kwenye kundi letu la WhatsApp la chama kwamba mimi ni wa kupita, maana nilikuwa nimekariri majibu kutoka mitandaoni usiku kucha. Nikapata 13. Mtu mmoja niliyewahi kumpikia pilau nyumbani kwangu akaandika, "Hata mtihani wa watoto?" Watu kumi na mmoja wakamwekea vicheko. Niliwahesabu. Nimewasamehe, lakini ile hesabu haijanitoka.

Moja ya maswali yaliyoniangusha lilikuwa namna Waziri Mkuu anavyopatikana. Mkenya mwenzangu, sisi tumezoea kumpigia rais kura moja kwa moja, tukihesabu asilimia 50 na kura moja. Huku unampigia kura mbunge wa eneo lako basi. Viti vya bunge ni 343, na kiongozi wa chama kinachoweza kuungwa mkono na wabunge wengi ndiye anayeunda serikali. Seneti ina watu 105, hao hawachaguliwi bali huteuliwa, na wakifika miaka 75 hustaafu. Ajabu ni kwamba somo lilikuwa mbele ya macho yangu. Mwezi mmoja kabla ya mtihani, Mark Carney alikuwa amechukua nafasi ya Justin Trudeau baada ya kuchaguliwa na wanachama wa chama chake, na hata ubunge hakuwa nao. Uchaguzi mkuu ulikuja baadaye, 28 Aprili. Runinga ya ukumbini kazini ilikuwa ikisema hayo kutwa nzima, nami nikipita na sinia za chai, kichwani narudia majibu niliyokariri. Usikariri. Nakuomba, usikariri. Waulize watu. Wale wazee wa kazini ndio walionifundisha mara ya pili, kila mmoja kwa chama chake na kwa ubishi wake, na nikapata 20 juu ya 20.

Kiapo ndicho kilichonikosesha usingizi. Unaapa utii kwa Mfalme Charles wa Tatu, Mfalme wa Kanada, na warithi wake. Babu yangu alikuwa kuli wa Kilindini, miongoni mwa waliogoma Mombasa Januari 1947 wakidai mshahara wa kumtosha mtu. Nilijiuliza angesema nini akinisikia nikilitaja taji lile lile la Uingereza. Kilichonituliza ni kuelewa kwamba mfalme hapa ni alama ya dola, na kazi zake hufanywa na Gavana Mkuu. Aliyeapishwa 2021, Mary Simon, ni Muinuiti, mtu wa jamii za kaskazini, na wa kwanza kutoka watu wa asili, yaani waliokuwako kabla ya Wazungu, kushika cheo hicho. Na tangu mwaka huo huo kiapo kinataja pia haki za watu wa asili na mikataba yao. Hayo maneno niliyatamka kwa sauti ya juu.

Niliyatamka hivyo kwa sababu ya bibi mmoja Mkrii, naye ni wa watu hao wa asili, ninayemhudumia. Alichukuliwa kwao akiwa na miaka sita, akapelekwa shule ya bweni iliyowekwa kwa ajili ya watoto wa watu wa asili, akanyolewa nywele, akapigwa kwa kusema lugha ya mama yake. Watoto zaidi ya 150,000 walipitia shule hizo kwa zaidi ya karne, na za mwisho zilifungwa miaka ya tisini, mimi nikiwa shule ya msingi. Nilimsimulia kile kipande cha mbao tulichovishwa shingoni kwa kusema Kiswahili darasani. Si sawa na yake, nami nilimwambia si sawa. Akanishika mkono hadi chai ikapoa.

Ndiyo maana mikutano mingi hapa huanza kwa kutaja ardhi ni ya nani. Winnipeg iko kwenye ardhi ya Mkataba wa Kwanza wa 1871 kati ya taji na watu wa asili, na ni kitovu cha Wametis, watu wa asili wenye damu ya Kizungu pia, watu wa kiongozi wao Louis Riel aliyenyongwa 1885 na leo ana sikukuu yake Manitoba kila Februari. Waziri kiongozi wa jimbo letu, Wab Kinew, ni wa kwanza kutoka Mataifa ya Kwanza, yaani watu wa asili wasio Wainuiti wala Wametis, kuongoza jimbo lolote. Ukisikia maneno hayo ya ardhi usichezee simu yako. Inama usikilize. Sisi wageni tuna tabia ya kusema "hayo ni ya kwao". Hapana. Ukishakula mkate wa nchi, historia yake umekula nayo.

Mengine utayazoea: viatu huvuliwa mlangoni, kama kwetu, miadi ya saa nne ni saa nne, watu huomba radhi hata uliyewakanyaga ni wewe. Januari kipimajoto kikishuka chini ya 30 hasi, gari huchomekwa kwenye umeme usiku kucha ili injini iwake asubuhi.

Basi binti wa Kisauni, hili ndilo jibu lako. Beba vyeti vyako vyote vya asili na nakala zake zilizothibitishwa. Niambie unakwenda jimbo gani kabla hujalipia ombi lolote la leseni. Beba iliki na mdalasini, huku zipo ila ghali. Koti usinunue Mombasa, hata wakikuapia ni la Ulaya. Kama ni Winnipeg unakokuja, nitumie namba ya ndege. Nitakungoja pale chini unakotokea, na koti la pili nitakuwa nimelitandaza kiti cha nyuma lipate moto.