Albamu ya pili ndiyo iliyomtoa Shania Twain, mwimbaji wa muziki wa kantri kutoka Kanada?

Ndiyo, ni hiyo ya pili, The Woman in Me ya 1995. Ile ya kwanza ya 1993 ilipita kimyakimya, na nyimbo karibu zote alitungiwa. Hii alitunga na mumewe wa wakati huo, Mutt Lange, prodyuza aliyetoka kwenye roki ya AC/DC na Def Leppard, ndiyo maana magitaa yanapiga kibabe kuliko kantri ya wakati ule ya Nashville, kitovu cha muziki huo Marekani. "Any Man of Mine" ikashika namba moja kwenye chati ya kantri, Grammy ya albamu bora ya kantri ikafuata 1996, na Marekani pekee ikavuka nakala milioni 10. Kwa kuwa hakufanya ziara, wapo waliodai ni msanii wa studio tu. Wivu huo, kwa maoni yangu.